Bushiri na Wakati: Nani Mwenye Siku Zetu?



Muhula huu iko hadithi moja inayotembea katika mabweni, toka kitanda hata kitanda. Ni hadithi ya kiongozi wa chama cha siri. Watu wa chama kile wanashika wakati mkononi kama sisi tunavyoshika kamba ya kengele: wanausimamisha, wanaurudisha nyuma, wanaukimbiza mbele. Kiongozi huyo ni mtu wa kubuniwa tu, lakini wadogo wetu wa madarasa ya chini wanampenda mno, na kila mmoja amekwisha kusema angefanya nini kama angekuwa yeye. Mmoja angerudisha juma la mtihani wa hesabu. Mwingine angesimamisha saa ya chakula mpaka sahani ijae mara tatu. Mwingine tena angerudi siku ile kabla familia yake haijakimbia kijiji. Hapo kicheko kinaisha, na taa inazimwa.

Sisi makapita hatusemi hadithi ile ni mbaya. Lakini tumeona jambo la ajabu. Katika wote wanaoipenda, hatujasikia hata mmoja akisema kwamba kiongozi wa namna ile alikwisha kuwako hapa kwetu, katika misitu hii ya Masisi na Walikale, mtu wa damu na nyama, mwenye wafuasi wengi. Jina lake Bushiri Lungundu. Mwaka wake ni 1944. Leo tunataka kusema juu yake, na juu ya wakati, na juu ya kengele ya shule. Mambo hayo matatu ni jambo moja. Msomaji avumilie kidogo, ataona.

Tuanze na wazee. Wanyanga wa Walikale wana habari ya Mwindo. Mzee Rureke aliisimulia, na Daniel Biebuyck pamoja na Kahombo Mateene wakaitoa katika kitabu mwaka 1969. Mwindo alizaliwa akiwa anatembea na kusema tayari, maana yake hakungoja utoto kama sisi. Alikuwa na usinga wake wa nguvu, na kwa usinga ule aliwafufua watu wa Tubondo waliokuwa wamekwisha kufa. Huyo ndiye mtu wa kurudisha wakati nyuma, kabisa! Lakini wazee hawakumwacha pale pale kwenye sifa. Mwindo alipomwua joka ambaye alikuwa rafiki ya Nkuba, yaani Radi, Nkuba alimchukua juu, na huko akakaa mwaka mzima akiteswa na mvua, na jua, na baridi. Aliporudi chini alikuwa mtu mwingine, mwenye kuwapa watu wake maonyo ya kuishi vema. Tazama hekima ya wazee wetu. Mtu aliyefufua wafu alilazimishwa kukaa mwaka mmoja kama mtu yeyote, siku moja baada ya nyingine.

Hiyo ni hadithi. Sasa tuje kwa mambo yaliyotokea kweli.

Katika miaka ya vita kuu ya pili ya dunia, Wajapani waliteka Malaya na visiwa vya Waholandi kule Asia, mwaka 1942. Kule ndiko mpira mwingi wa dunia ulikotoka. Gari la jeshi haliendi bila mpira, na ndege haitui bila mpira. Basi wakubwa wa vita wakaangalia Kongo. Serikali ya Wabelgiji ikawarudisha watu msituni kutafuta utomvu wa mpira wa porini, kazi ambayo wazee wao walikuwa wakiikumbuka kwa machozi tangu siku za mfalme Leopold II. Na bati pia lilitakiwa, na chakula, na wapagazi.

Sheria ilisema kwamba mwanakijiji anaweza kulazimishwa kazi siku 60 kwa mwaka. Mwaka 1942 siku hizo zikafanywa 120. Wandugu, chukueni kalamu mpige hesabu. Mwaka una siku 365. Siku 120 ni karibu miezi minne, ni sehemu moja ya tatu ya mwaka. Na siku hizo si za kuchagua. Huwezi kusema: Bwana, nitatoa siku zangu wakati wa kiangazi, sasa mke wangu anajifungua. Kapita anakuja, jina lako limeandikwa, unakwenda. Usipokwenda, iko fimbo na iko gereza. Shamba lako la mihogo linabaki na majani. Mtego wako msituni unaoza pamoja na nyama yake.

Hapo tunaomba msomaji atie alama. Tunasema siku zote kwamba mkoloni alichukua ardhi na madini, na ni kweli. Lakini kwa mwanakijiji wa msitu, kitu cha kwanza alichoona kikichukuliwa asubuhi, mlangoni pake, ni siku ya leo. Bwana tarafa hakuwa na usinga wa Mwindo. Alikuwa na daftari. Kwa daftari lile alishika mikononi mwake sehemu ya tatu ya mwaka wa kila mwanaume mwenye nguvu. Ukitafuta chama cha watu wanaoshika wakati, anza pale.

Sasa ndipo tunafika kwa Bushiri. Iko dini iliyoitwa Kitawala. Ilitoka mbali. Mizizi yake ni mafundisho ya Watch Tower ya Marekani, maana yake mnara wa mlinzi. Yakafika Nyasaland na Rhodesia ya Kaskazini, yakaingia Katanga katika miaka ya 1920, na njiani yakageuka kuwa kitu kingine, kitu cha Waafrika wenyewe, ambacho wenye Watch Tower hawakukiongoza tena. Hata jina liligeuka. Kwa sikio la mtu wa Kiswahili, Kitawala si mnara tena. Ni kutawala. Nani anatawala? Nani atatawala kesho? Wahubiri wake walisema dunia hii ya sasa inakwisha, utawala wa mzungu unakwisha nayo, na kodi, na kazi ya nguvu. Wabelgiji walipowakamata wahubiri hao waliwahamisha mikoa ya mbali ili kuwanyamazisha. Kumbe ni kama kumwaga mbegu kwa mkono. Kila mahali pa uhamisho dini ikaota.

Ikaota pia kwa Wakumu, katika msitu mkubwa upande wa magharibi, kuelekea Lubutu. Mwanzoni mwa mwaka 1944 Bushiri alisimama akajitangaza kuwa amewekwa na Yesu mwenyewe, na kwamba saa imefika. Tuelewe maana yake. Hakusema itafika kwa watoto wenu, wala hakusema mwaka kesho. Imefika! Watu waliokuwa wanatoa siku 120 waliambiwa kwamba kalenda ya bwana tarafa haina nguvu tena. Wakaacha kazi, wakaamka, maasi yakaenea katika Masisi na Lubutu. Jeshi la wakoloni, Force Publique, likaletwa. Lilikuwa na bunduki, na ahadi ya Bushiri haikuzizuia. Watu wengi waliuawa, vijiji vikaumia, maasi yakavunjwa, na Kitawala ikawindwa zaidi kuliko zamani.

Msifikiri Masisi ilikuwa peke yake katika uchovu ule. Mwezi wa 12 mwaka 1941 wafanyakazi wa migodi ya Katanga waligoma kazi, wakapigwa risasi kule Elisabethville. Mwezi wa 2 mwaka 1944 askari wa kambi ya Luluabourg waliasi wakubwa wao. Migodi, kambi, msitu: mahali patatu mbalimbali, lakini mwili ni ule ule, umechoka.

Tumewauliza wenzetu: Bushiri alikuwa mtu gani? Tumesikia majibu mawili. Wengine wanasema, "Ule alikuwa mwongo na kichaa, alipeleka watu kufa bule." Wengine wanasema, "Apana, alikuwa shujaa, angepata bunduki tungekuwa huru mbele ya 1960." Sisi tunaona majibu yote mawili ni ya uvivu.

Wale wa jibu la kwanza wafikiri vizuri. Juu ya nini watu wazima, wenye wake na watoto, wenye akili ya msitu kutushinda sisi, walimfuata mtu mmoja anayesema saa imefika? Mtu aliyeshiba siku zake hamfuati mhubiri wa mwisho wa dunia. Anamsikiliza, anakwenda kupalilia shamba lake. Anayemfuata ni yule ambaye siku zake amekwisha kunyang'anywa. Ukichukua wakati wa mtu mpaka asibaki na kesho yake mwenyewe, utamwandaa kumwamini mtu yeyote atakayemwambia kesho haipo, au kesho ni leo. Bushiri alivuna, lakini mpandaji alikuwa daftari la siku 120. Anayemcheka Bushiri na kulinyamazia daftari hajasoma historia, amesoma nusu ukurasa.

Na wale wa jibu la pili nao wafikiri. Mateso ya watu yalikuwa ya kweli, lakini ahadi haikuwa ya kweli, na waliolipa deni la ahadi ile ni wafuasi. Si mara ya kwanza wala ya mwisho duniani. Kule Marekani wafuasi wa William Miller waliuza mali zao na kungoja mwisho tarehe 22 mwezi wa 10 mwaka 1844, miaka mia moja kamili mbele ya Bushiri. Jua likachomoza asubuhi yake kama kawaida. Kwa Waxhosa wa Afrika Kusini, mwaka 1856 na 1857, msichana Nongqawuse alisema wazee waliokufa watafufuka na wazungu watafagiliwa baharini kama watu watachinja ng'ombe wao wote. Walichinja. Makumi ya maelfu wakafa njaa. Huko Nyasaland Elliot Kamwana alihubiri kwamba mwezi wa 10 mwaka 1914 ndio mwisho wa kodi na wa utawala. Ukapita. Na katika Tanganyika mwaka 1905 Kinjikitile aliwapa watu maji, akasema risasi zitakuwa maji. Hazikuwa. Sisi wa Kivu hatuhitaji kuambiwa zaidi juu ya maji hayo. Tunawajua vijana waliyoyanyunyiziwa, na tunawajua mama zao.

Kwa hiyo tunasema hivi: malalamiko ya Bushiri yalikuwa ya haki, saa yake ilikuwa ya uongo. Mtu anaweza kuwa na mambo mawili hayo kwa pamoja, na mwanafunzi mwenye akili ashike yote mawili bila kuangusha moja.

Kama shule ya Kiprotestanti tuna neno la kuongeza hapa, maana baadhi ya wazee wa kanisa hawapendi hata jina Kitawala litajwe. Tunaheshimu hofu yao. Lakini Biblia yetu haikuogopa habari za wakati. Yoshua aliomba jua lisimame. Mfalme Hezekia alipokuwa mgonjwa aliongezewa miaka 15, na kivuli kikarudi nyuma madaraja kumi. Mkisoma habari hizo kwa utulivu mtaona jambo moja: wote wawili waliomba. Hakuna aliyeshika. Na Bwana Yesu aliwaambia wanafunzi wake wazi kwamba siku ile na saa ile ni ya Baba peke yake, hata malaika hawaijui. Basi mhubiri anayekuja na tarehe anajua kuliko malaika, na hapo tunaruhusiwa kumuuliza diploma yake aliipata wapi.

Tunasema hilo si kwa kucheka bule. Wako wenzetu muhula huu waliosikia barabarani kwamba dunia haifiki mwisho wa mwaka wa shule, na wakaanza kuacha madaftari. "Ntasomea nini?" mmoja aliuliza. Tunamjibu hapa: soma. Kama Bwana akija atakukuta unafanya kazi yako, na hiyo si aibu. Na asipokuja, egzeta itakuja. Hiyo tarehe yake inajulikana.

Kuna pia mfano wa mtu aliyehubiri bila kuuza tarehe za uongo, naye wakati wake ulichukuliwa wote. Simon Kimbangu, mtoto wa misheni ya Wabatisti, alianza kazi yake kule Nkamba mwezi wa 4 mwaka 1921, na mwezi wa 9 mwaka ule ule alikuwa amekwisha kukamatwa. Ni miezi mitano tu. Kwa miezi hiyo mitano Wabelgiji walimhukumu kufa, kisha wakabadili kuwa kifungo cha maisha, na alikaa gerezani Elisabethville mpaka kufa kwake tarehe 12 mwezi wa 10 mwaka 1951. Miaka 30. Tazameni sura ya utawala ule: kijijini ulitwaa siku 120, kwa nabii ulitwaa maisha. Lakini kanisa lililotokana na ile miezi mitano liko hai hata leo. Hatuwezi kusema hivyo juu ya daftari la bwana tarafa.

Sasa wengine watasema: hayo ni mambo ya zamani, mkoloni aliondoka 1960. Aliondoka, ndiyo. Daftari lilibaki. Wakati wa Mobutu kulikuwa na salongo, kazi ya lazima ya wote kila juma. Mwaka 1974 Rais yule yule aliondoa Noeli katika siku za mapumziko ya taifa, kana kwamba anaweza kupanga na kupangua hata siku ya kuzaliwa Bwana. Noeli imerudi, salongo imebaki kuwa neno la kila mtu. Na neno hilo hilo limetumika kwenye machimbo ya Walikale, ambako wenye bunduki walijiwekea siku yao katika juma, siku ambayo mchimbaji anachimba na mawe yote ni ya mwenye bunduki. Mkulima wa Masisi anajua pia maana ya kuambiwa kwa njia: "We, beba hii mpaka kule." Siku imekwisha. Hakuna aliyeandika risiti ya siku ile.

Na sisi wanafunzi? Vita vinakula miaka yetu. Mapigano yalifika Masisi na Goma mwezi wa kwanza mwaka 2025, yakafika Walikale mwezi wa tatu. Shule zilifungwa, madarasa yakawa nyumba za waliokimbia, watu wakatoka kwao na godoro kichwani. Mtoto aliyepoteza mwaka hapa, mwaka pale, anafika darasa la nane akiwa na ndevu. Halafu anapita karibu na Rubaya, anaona wenzake wanashika pesa ya koltani mkononi jioni ile ile, anajiuliza diploma ni ya nini. Ndiyo maana wadogo wetu wanapenda hadithi ya kiongozi anayerudisha wakati nyuma. Si ujinga wa watoto. Ni hesabu ya kitu walichopoteza.

Basi tuje nyumbani, kwenye kengele yetu.

Mtu anayesimamia wenzake shuleni anaitwa kapita. Jina hili tumelizoea mpaka hatulisikii tena. Lakini kapita lilikuwa jina la nani mwaka 1944? Lilikuwa jina la mtu mweusi aliyesimama kati ya bwana na wanakijiji, anayeita majina na kuhesabu siku. Sisi tunalibeba jina hilo, na tunaona inafaa tujiulize mbele ya wote: kapita wa shule anafanya nini na wakati wa wadogo wake?

Iko desturi ambayo kila kizazi cha wanafunzi kinaikuta hapa na kwenye shule nyingi za jimbo letu. Mdogo akikosa, anapewa kazi. Kazi yenyewe si mbaya: kufyeka majani, kuchota mayi, kufagia darasa. Ubaya uko kwenye saa. Kazi inatolewa saa ya etidi, wakati wenzake wanasoma. Mdogo wa mwaka wa kwanza aliyechelewa dakika tano kwenye mstari anakwenda kuchota mayi saa moja nzima, kisha anarudi amelowa, etidi imekwisha, kesho anaulizwa kitenzi cha Kifaransa hajui, anapata sifuri, na kwa sifuri ile anapewa kazi tena. Pigeni hesabu kama mlivyopiga ya siku 120. Saa moja kwa siku tatu za juma ni saa tatu. Kwa majuma kumi ni saa 30. Huyo mdogo amekosa saa 30 za kusoma, na kosa lake la kwanza lilikuwa dakika tano. Adhabu gani inayozaa riba namna hii?

Tunajua jibu la wengine, hata kati yetu makapita. "Bila adhabu hakuna nizamu." Kweli kabisa, sisi hatusemi adhabu ikufe. Bweni la vijana bila sheria ni soko. "Na sisi tulipokuwa wadogo tulifanyiwa hivyo." Hilo si jibu. Kama kuteswa jana kungekuwa ruhusa ya kutesa leo, Kongo isingekuwa na mtu mmoja asiye na ruhusa. Wengine wanasema tena: "Munatulinganisha na Wabelgiji?" Hapana, wandugu. Kapita wa shule hana gereza wala Force Publique. Tunachosema ni kwamba tabia ya kuchukua wakati wa mdogo bila kuuandika popote ni mtoto wa daftari lile, na mtoto akikua anafanana na baba. Leo ni ndoo ya mayi saa ya etidi. Kesho kapita huyu ni mkubwa wa ofisi, watu wanamngoja mlangoni tangu asubuhi kwa ajili ya sahihi moja, naye yuko ndani anakunywa chai. Alijifunza wapi kwamba siku za wengine ni mali yake? Tusikubali iwe hapa.

Basi tunaleta mashauri matatu mbele ya Bwana Prefe, walimu na wanafunzi wote.

La kwanza: adhabu ya kazi isiingie tena katika saa za masomo wala etidi. Ifanywe siku ya posho mchana, au baada ya masomo kabla ya chakula cha jioni. Kosa ni la mwanafunzi, lakini saa ya kusoma ni ya wazazi wake waliouza mbuzi ili aje hapa.

La pili: kila adhabu iandikwe katika daftari moja la wazi, na daftari likae kwa mwalimu wa nizamu. Iandikwe jina la mwenye kosa, kosa, muda wa kazi, na jina la kapita aliyetoa. Kapita asiyekuwa tayari kuandika jina lake asitoe adhabu. Daftari la 1944 lilikuwa la bwana peke yake. Letu mtu yeyote alifungue na kulisoma.

La tatu: klabu yetu ya historia iende kwa wazee. Mwaka 1974 Maurice Lovens alitoa maandishi yake juu ya maasi ya Masisi-Lubutu, yakachapishwa Brussels. Tunashukuru, lakini si haki kwamba mwanafunzi wa Walikale apate habari ya babu yake kule Ulaya kuliko kwenye moto wa bibi yake. Mtu aliyekuwa na miaka kumi mwaka ule sasa amepita miaka 90. Hapo kweli hatuna wakati wa kupoteza. Wakati wa likizo kila mmoja achukue daftari, aulize kwa adabu: tate, kaka, wakati wa mpira wa msituni mulikuwa wapi? Siku 120 mulizitoa namna gani? Bushiri mulimsikia? Tusiwasahihishe. Tuandike wanavyosema, wale wanaomlaani na wale wanaomlilia. Na walimu wa historia watusaidie kupima.

Mtauliza ni nini kinachounganisha mashauri hayo matatu. Ni kwamba wakati hauchukuliwi na wachawi wala na vyama vya siri. Unachukuliwa na watu, kwa mdomo, kwa daftari na kwa kengele, na kwa hiyo watu wanaweza kuurudisha. Hata saa yenyewe ni mapatano tu. Sisi tukiwa saa sita, Kinshasa wako saa tano, nchi moja, rais mmoja, na hakuna aliyefanya uchawi. Tulipatana. Basi tupatane tena hapa shuleni juu ya saa moja ya mtoto mdogo jioni.

Kiongozi wa hadithi ya mabweni anaweza kurudisha miaka kwa kunyosha kidole. Bushiri alisema saa imefika, na watu wakafa. Sisi hatuna kidole kile, na hatuna tarehe ya kutangaza. Tuna daftari moja jeupe la kuanzia juma kesho, kama Bwana Prefe akikubali. Mdogo wa mwaka wa kwanza akikosa, jina lake litaandikwa humo pamoja na jina letu, atafanya kazi yake siku ya posho, na saa ya etidi atakuwa amekaa mahali pake, kitabu kimefunguliwa, na taa mbele yake.

Ni sisi, makapita wa mwaka wa mwisho.